Kitufe cha Tisa

Ulimwona, usiseme hukumwona. Ulikuwa kwenye foleni ya dirisha la tatu, umeshika karatasi zako ndani ya mfuko wa plastiki, ukamwona yule mama ameinamia kompyuta mpaka pua inakaribia kugusa kioo, midomo yake inahesabu kimyakimya kama fundi anayehesabu mishono. Ukamgusa bega aliye mbele yako, mkacheka. Kuna aliyemrekodi kwa simu. Kuna aliyesema, "Hawa ndio wanaotuchelewesha, si waende nyumbani wakalee wajukuu?" Kisha namba yako ikaitwa, ukapata ulichofuata, ukaondoka zako. Hukuuliza hata siku moja alikuwa anahesabu nini.

Alikuwa anahesabu mpaka tisa.

Basi kaa usikie, maana uliondoka mapema mno.

Pale ofisini walimwita Mama Mhuri. Alikuwa karani wa kusajili vizazi, na enzi za karatasi mhuri wake haukuwahi kukaa upande wala kufifia. Mzazi alileta karatasi ya hospitali, yeye akaijaza fomu kwenye kompyuta, akaituma makao makuu, na baada ya wiki tatu cheti cha mtoto kikachapwa. Bila cheti mtoto haandikishwi shule, hapewi kadi ya matibabu, hapandi wala hashuki. Ni karatasi moja tu, lakini asiyekuwa nayo anahesabiwa kuwa bado hajazaliwa.

Jumatatu hiyo asubuhi alikuja msusi mmoja, mwanamke mwembamba mwenye vidole vyeusi kwa mafuta ya nywele, na binti yake wa miaka sita amevaa sare ya shule ambayo hajaruhusiwa kuingia nayo shuleni.

"Mama, hii ni mara ya nne," alisema msusi, na kuweka kiwiko dirishani. "Wananiambia mtoto hayupo. Mwenyewe huyu hapa, kasimama, anakula karanga. Hayupo vipi?"

"Nilimtuma mimi mwenyewe, mwanangu. Jina lake nalikumbuka mpaka leo."

"Ulimtuma wapi, dukani?"

Foleni nzima ikaangua kicheko. Mama Mhuri akatabasamu nao kidogo, kwa adabu, kama mtu aliyekanyagwa mguu akaombwa radhi kwa mzaha. Akafungua orodha, akatafuta, akasogeza uso kwenye kioo. Jina halikuwapo kwenye waliotumwa. Akatafuta tena kwa jina la baba. Halikuwapo.

"Si bure," alisema mwanamume mmoja nyuma, bila kuteremsha sauti. "Hapo pana jambo. Ukiona karatasi imelala, ujue inasubiri kuamshwa."

Kila mtu alielewa inaamshwa kwa kitu gani. Mama Mhuri naye alielewa. Masikio yakamwaka moto. Kabla hajafunga orodha, tarishi alimgonga begani: Mkuu wa ofisi anakuita, sasa hivi, na usiende na kikombe chako cha chai.

*

Chumba cha Mkuu kilikuwa na zulia, feni mbili na kioo cha kompyuta kipana kama mlango wa kabati. Mwaka ule vilikuja vioo vitatu vya aina hiyo. Kimoja alikichukua yeye. Cha pili kilifungwa ukumbi wa mikutano. Cha tatu kilitundikwa ukutani mapokezi, kinaandika KARIBU TUKUHUDUMIE kuanzia asubuhi mpaka jioni, na picha ya mkono unaoshikana na mkono. Makarani wa madirishani, ambao ndio wanaosoma na kuandika siku nzima, walipewa vile vidogo vilivyotolewa stoo na kufutwa vumbi.

Mkuu hakumwambia akae.

"Mia nne na kumi na mbili," alisema, na kusukuma rundo la karatasi mbele yake. "Kumbukumbu za watoto mia nne na kumi na wawili zimewekwa kando kwenye dirisha lako. Wiki saba. Hazikutumwa, hazikufutwa. Zimewekwa kando. Na mtu anaweka kitu kando kwa sababu gani?"

"Nilituma zote, Mkuu. Kila moja."

"Kompyuta haidanganyi, mama."

"Kitufe cha kutuma mimi sikioni. Nilisema tangu mwezi wa kwanza. Niliandika barua."

"Hukioni." Mkuu alivua miwani, akaifuta kwa ncha ya tai, akaivaa tena. "Madirisha yako matano. Wanne wanakiona. Wewe peke yako hukioni. Sasa tulaumu kioo au tulaumu macho?"

"Njoo tu mezani kwangu uangalie. Ni hatua thelathini."

"Alhamisi saa nne kamati itakaa. Utajieleza huko. Ukishindwa kujieleza, unajua kinachofuata. Mpaka kamati ikae, usiguse ile mashine. Lakini kazini utafika, saa mbili mpaka saa tisa na nusu, usije ukaandikwa mtoro."

"Nikae wapi?"

"Viti vipo."

Viti vilivyokuwapo ni vile vya wananchi. Kwa hiyo Jumatatu ile, na Jumanne, na Jumatano, Mama Mhuri alikaa kwenye benchi la foleni, mkoba mapajani, akitazama dirisha lake lililofungwa pazia. Watu wakaja, wakamtambua, wakasogea. Benchi la watu sita likawa la mtu mmoja.

*

Mumewe alikuwa fundi cherehani, mwenye mashine moja barazani na futi ya kupimia shingoni hata siku ya mapumziko. Jioni ya Jumatatu ile alimsikiliza mpaka mwisho bila kuinua mguu kwenye pedali. Kisha akauliza swali ambalo mke alikuwa ameliogopa njia nzima.

"Niambie ukweli, mama watoto. Tuko wawili hapa. Kuna mtu amekupa chochote?"

Mama Mhuri alimtazama. Mtu anaweza kutukanwa na foleni nzima akarudi nyumbani akala akalala. Lakini swali hili lilitoka kwa aliyemjua mpaka namba ya kiatu.

"Nikipewa ungeniona na viatu hivi?"

"Nauliza tu. Kesho wataniuliza mimi."

"Waambie mkeo ni kipofu. Ndivyo alivyosema Mkuu."

Hajamaliza, wifi yake akaingia bila kubisha hodi, dada mkubwa wa mumewe, kanga kaifunga kiunoni kama mtu aliyekuja kubomoa nyumba.

"Wifi, hata damu yako? Mjukuu wangu mimi, mwezi wa pili huu cheti hakuna! Nikasema, wifi yangu yupo pale, litakwenda kama maji. Kumbe wewe ndiye umelikalia!"

"Dada, punguza sauti, majirani," alisema fundi.

"Majirani ndio walioniambia!"

Ndipo binti wa Mama Mhuri alipotokea jikoni akiwa na sufuria mkononi. Alikuwa msichana wa miaka ishirini na saba, anafanya kazi kwenye duka la kuchapa na kutoa kopi karibu na stendi, na siku nzima huhangaika na kompyuta za watu: huyu maandishi yake yametoka nje ya karatasi, huyu picha yake imevutwa kama ulimi, huyu dirisha lake limezama chini ya kioo hataki kulipia mpaka litokee.

"Shangazi, karibu, kaa. Mama, hebu nioneshe. Ukishamaliza kujaza fomu, unaitumaje?"

"Kama kawaida."

"Kawaida ipi? Nioneshe hapa mezani, fanya kama meza ndiyo kibodi."

Mama Mhuri akaweka mkono juu ya meza. Kwa kidole cha pete akaanza kugonga upande wa kushoto, mahali panapokaa kile kitufe chenye mishale miwili, cha kuruka kutoka kisanduku hadi kisanduku. Moja. Mbili. Tatu. Midomo ikamfuata. Saba. Nane. Tisa. Kisha kwa kidole gumba cha kulia, Enta.

"Kwa nini unahesabu, Mama?"

"Kwa sababu kitufe cha kutuma hakionekani, kiko chini huko. Zile herufi za mwanzo zilikuwa kama mayai ya chawa, siwezi kuzisoma. Nikamwomba yule kijana wa kompyuta, Waya, akanikuzia. Akaweka mia na hamsini. Herufi zikawa nzuri, nasoma bila kukunja uso, lakini fomu ikazama chini. Kila nikivuta haipandi. Akaniambia usijali, Mama, gonga mara tisa, hata bila kuona utafika kwenye Tuma, halafu Enta. Na ikawa inakwenda. Miezi mitatu ilikwenda."

Binti aliweka sufuria chini.

"Na wiki saba zilizopita kulikuwa na nini?"

"Hakukuwa na kitu. Walisema mfumo umeboreshwa."

"Umeboreshwa." Binti alilitamka neno hilo kama mtu anayetema mbegu. "Wameongeza kitufe, Mama. Wameweka cha kuweka kando kabla ya kile cha kutuma. Tisa yako sasa hivi si Tuma. Tuma imekuwa ya kumi."

Wifi alikaa.

"Sijaelewa," alisema fundi. "Kukuza herufi na kupotea kitufe vinahusianaje?"

"Baba, mteja akikuletea mita moja na robo ya kitambaa umshonee suruali, inatosha?"

"Mtu wa kawaida inatosha."

"Akija pande la mtu, na kitambaa ni kilekile?"

"Miguu itaishia magotini."

"Basi ndiyo hiyo. Kioo cha Mama ndicho kitambaa. Herufi zimenenepeshwa mara moja na nusu, fomu nzima imenenepa nazo, na kioo hakijaongezeka hata nusu inchi. Kilichokosa nafasi kimekatwa huko chini. Na walioishona fomu yenyewe hawakuiwekea njia ya kuishusha na kuipandisha. Waliishona wakiangalia vioo vyao vikubwa, ikawatosha wao, wakafunga duka."

Fundi akashika futi yake. "Suruali ikiishia magotini, mwenye kulaumiwa ni fundi."

"Kwa Mama wameilaumu miguu," alisema binti.

Wifi akacheka, kisha akaona aibu ya kucheka, akaanza kulia.

*

Kesho yake jioni, baada ya wateja kuisha, binti alimkalisha mama yake kwenye kompyuta ya dukani. Akakuza herufi mpaka dirisha likazama kama la ofisini.

"Mipangilio wameifunga, siyo? Huwezi kupunguza wala kuongeza?"

"Ukigusa tu inaandika: imefungwa na msimamizi. Pasiwedi anayo Mkuu."

"Sawa. Sasa hii hawajaifunga, kwa sababu hawajui kama ipo. Shika Alt. Usiiachie. Gonga kile kitufe kirefu cha nafasi. Umeona orodha ndogo? Gonga M. Sasa achia vyote, gonga mshale wa juu. Endelea."

Dirisha lilianza kupanda. Kichwa chake kikatoka nje ya kioo kule juu, na kutoka chini, polepole, vikaibuka vitufe vilivyokuwa vimejificha. Mama Mhuri akaweka mkono mdomoni. Miezi mitano alikuwa anaandika majina ya watoto wa watu juu ya shimo asiloliona, na dawa yake ilikuwa vidole vitatu.

"Na hii inajulikana?" aliuliza.

"Mimi naifanya mara kumi kwa siku."

"Waya anaijua?"

"Kama ni fundi, anaijua. Kama haijui, dakika moja ingemtosha kuuliza. Alikuwa na haraka tu, akakufundisha kuhesabu."

Jumatano Mama Mhuri alimvizia Waya kwenye benchi la wananchi. Kijana alipita na rundo la nyaya begani, macho chini.

"Mwanangu. Kesho utasema ulinifundisha?"

Waya alisimama, akaangalia mlango wa Mkuu. "Mama, mimi mkataba wangu ni wa miezi mitatu mitatu. Nikisema hilo, hata hiyo mitatu sitaimaliza. Madirisha matano, mashine sitini, mimi mmoja. Ulitaka nifanyeje? Niliomba vioo vikubwa vya madirishani, nikaambiwa vile ni vya hadhi."

"Vya hadhi?"

"Ndivyo nilivyojibiwa. Nisamehe, Mama."

Akaenda zake. Si mtu mbaya. Ofisi zimejaa watu wasio wabaya, na ndiyo maana ubaya unakwenda ndani yake bila kusukumwa.

*

Alhamisi kamati ilikaa ukumbi wa mikutano: Mkuu, mwenyekiti aliyeletwa kutoka makao makuu, na mwandishi mmoja wa kumbukumbu. Juu ya ukuta kilikuwapo kile kioo cha pili, kipana. Mwenyekiti, mwanamke wa makamo mwenye sauti ya upole, aliagiza fomu ifunguliwe pale ili kila mtu aone.

Ikafunguka. Kwenye kioo kile fomu ilikaa katikati kama stempu juu ya bahasha, na nafasi kibao pande zote. Chini yake vitufe vitatu vimejipanga, vimeandikwa vizuri: Weka kando. Tuma. Futa.

"Hivi hapa," alisema Mkuu, akinyoosha rula. "Tuma, hiki hapa, cha kijani. Hata mtoto wa chekechea anakiona."

"Kwenye kioo hicho hata mimi nakiona," alisema Mama Mhuri. "Mimi sifanyii kazi hapo. Njooni dirisha la tatu."

"Kamati haihamihami," alisema mwandishi.

"Mama, jibu swali," alisema mwenyekiti. "Unakiona kitufe au hukioni?"

"Nimejibu. Kwenye kioo nilichopewa, hakipo."

"Andika," Mkuu alimwambia mwandishi, "anakiri kwamba kitufe anakiona."

Hapo ndipo alipoinuka. Hakupiga kelele. Alitoka mlangoni, wakadhani anakwenda kulia chooni, mwandishi akaanza kuandika kwamba mtuhumiwa ametoka bila ruhusa. Mama Mhuri alikwenda mpaka dirisha la tatu, akafungua pazia, akachomoa waya wa umeme, akakumbatia kile kioo chake kidogo kifuani kama mtu anayempeleka mtoto hospitali. Foleni ikamtazama. Kasha la kompyuta lilibaki chini ya meza, zito, na mikono yake ilikuwa imejaa.

Msusi alikuwa pale, mara ya tano. Alimtazama Mama Mhuri, akatazama kasha.

"Ndani ya hili ndimo alimo mwanangu?"

"Ndimo alimo. Na wenzake mia nne na kumi na moja."

Msusi akapiga magoti, akalivuta kasha, akalipachika kiunoni kama ndoo. "Kibodi nani anachukua?" aliwauliza watu wa foleni. "Mnatoa macho tu? Namba yako haiitwi leo, baba, shika hiyo kibodi."

Wakaingia ukumbini hivyo, Mama Mhuri mbele na kioo, msusi na kasha, na yule mwanamume wa Jumatatu aliyesema karatasi inasubiri kuamshwa, nyuma yao na kibodi, anaona aibu ya kuishika na aibu ya kuiweka chini.

"Hii ni nini?" Mkuu alisimama. "Nani amewaruhusu? Waya! Toa hivi vitu!"

Waya alikuwa pembeni anasimamia kile kioo cha ukutani. Akatembea mpaka mezani. Akashika waya wa umeme, akaugeuzageuza mkononi. Kisha akauchomeka ukutani. Akauchomeka na wa pili, na wa tatu, bila kumtazama mtu, akawasha.

Mama Mhuri akafungua fomu. Ikajaa kioo kizima, herufi nene nzuri, na ikakatika katikati ya mstari wa jina la mlezi. Chini yake hakukuwa na kitu zaidi ya ukingo wa plastiki.

Mwenyekiti akainama. Akavuta kwa kipanya, haikupanda. "Kitufe kiko wapi?"

"Ndilo nililouliza tangu mwezi wa kwanza. Jibu lilikuwa nihesabu mpaka tisa."

"Nani alikupa jibu hilo?"

Mama Mhuri alifunga mdomo, hakumtazama kijana.

"Mimi," alisema Waya.

Kisha Mama Mhuri akawaonesha. Akashika Alt, akagonga kitufe kirefu, M, mshale wa juu. Fomu ikapanda, vitufe vikaibuka, cha kwanza kikiwa Weka kando. Mwenyekiti alivisoma mara mbili.

"Kitufe hiki kiliongezwa kwa waraka," alisema. "Nakumbuka. Ulipelekwa kwa wakuu wote wa ofisi, na picha, wawaeleze makarani." Akamgeukia Mkuu. "Uliupata?"

"Barua pepe zinakuja nyingi," alisema Mkuu.

Mwandishi aliacha kuandika. Angalia vizuri hapo. Sentensi ya Mama Mhuri aliiandika vibaya, na ile ya Mkuu hakuiandika kabisa.

*

Saa sita kasoro kamati iliwaambia watoke, inaandika uamuzi. Mama Mhuri, msusi na Waya wakairudisha mashine dirisha la tatu, wakaiwasha. Mama Mhuri akakaa kwenye kiti chake.

"Mama, ulikatazwa kugusa," alinong'ona Waya.

"Nilikatazwa mpaka kamati ikae. Kamati si imekaa?"

Akafungua orodha ya waliowekwa kando. Wa kwanza, juu kabisa: Alt, kitufe kirefu, M, mshale, mshale, mshale. Tuma. Wa pili. Vidole vilikuwa vizito mwanzoni, kisha vikazoea, dakika moja kwa mtoto mmoja. Alipofika wa kumi na tisa alimwita msusi aje asome mwenyewe. Msusi akaegemea dirisha, akalisoma jina la binti yake lote, la kwanza na la baba na la babu, akamwona Mama Mhuri anabonyeza, akaona maandishi ya kijani: Imetumwa. Hakusema asante. Aliketi chini pale pale ukutani, akamlaza mtoto mapajani, akaanza kumfumua nywele na kumsuka upya.

Foleni haikulalamika. Mtu akaleta maji. Wakaanza kuhesabu naye kwa sauti, hamsini, sitini, na walipofika mia mtu akapiga makofi akanyamazishwa, mwache mama afanye kazi.

Saa nane na robo Mkuu alikuja na karatasi moja na kalamu.

"Kamati imetumia busara," alisema. Aliisoma kwa sauti ya chini ili foleni isisikie, na foleni ikasikia. Karani alikuzisha maandishi kinyume cha mpangilio rasmi. Karani alitumia njia isiyoidhinishwa kutuma kumbukumbu. Amepatikana na uzembe. Atapewa onyo, maandishi yatarudishwa ukubwa wake wa awali na kufungwa, naye atabaki kazini iwapo atatia saini ya kukiri.

"Waraka umeandikwa wapi hapo?"

"Hilo ni jambo la utawala. Saini hapa."

"Barua yangu ya mwezi wa kwanza?"

"Mama, nakuokoa. Umebakiza miaka minne ustaafu. Usiikanyage sahani yako mwenyewe. Saini, kesho uamke uje kazini."

Mama Mhuri aliitazama kalamu. Alifikiria cherehani moja barazani. Alifikiria miaka minne. Usimdhanie kwamba hakuogopa.

"Nikisaini," alisema, "hawa watoto niliwaficha mimi. Itakuwa imeandikwa. Mwanangu na mume wangu watasoma kwamba niliwaficha. Na maandishi yakirudishwa madogo, kesho nitaandika jina la mtu vibaya, nalo litakuwa langu pia." Akarudisha macho kwenye kioo. "Andika jina lako wewe chini ya waraka, mimi nitaandika langu chini ya kuhesabu. Tusaini wote wawili. Sasa nisamehe, Mkuu, nina watu."

Alt. Kitufe kirefu. M. Mshale.

"Waya, mfungie!"

Waya aliweka mikono mfukoni. Mkuu akamtazama muda mrefu, kama anayejifunza sura kwa matumizi ya baadaye, kisha akatoa simu akapiga makao makuu, akataja namba ya karani wa dirisha la tatu.

Alikuwa ametuma mia na thelathini na saba. Wa mia na thelathini na nane alikuwa mtoto wa kiume, amezaliwa Jumapili, kilo tatu na nusu. Fomu ilikuwa imeshapanda, mshale wa kipanya uko juu ya Tuma, kidole kinashuka. Kioo kikaganda. Yakatokea maneno mawili, na hayo alikuziwa vizuri, aliyasoma bila miwani: Huna ruhusa.

Mama Mhuri alichukua kikombe chake cha chai na mkoba wake. Mlangoni alimkuta mumewe, ameletewa habari barazani na majirani walewale, amekuja mbio na futi shingoni. Fundi hakuuliza kitu safari hii. Alichukua mkoba, akauvaa yeye begani mbele za watu, wakatembea kwenda nyumbani.

*

Ni siku ya tisa leo. Dirisha la tatu lina pazia. Mkataba wa Waya haukuongezwa. Mama Mhuri amesimamishwa bila mshahara "mpaka uchunguzi ukamilike," na hakuna anayechunguza. Anamshikizia mumewe vifungo barazani, na wateja wengine wanapeleka nguo kwa fundi mwingine, maana lisemwalo lipo, ndivyo wanavyosema. Watoto mia mbili na sabini na watano bado wamewekwa kando. Hawajafutwa. Wako mle ndani, wamejazwa mpaka herufi ya mwisho, kila mmoja anahitaji dakika moja ya mtu mmoja.

Na wewe unajua sasa. Huwezi tena kusema ulikuwa kwenye foleni tu. Kwa hiyo usimalize kusoma ukakunja karatasi ukasema masikini yule mama. Simama. Nenda leo, ofisi inafungwa saa tisa na nusu. Chukua mtu wa foleni yako, na aliyemrekodi aje na ile simu. Msiende dirishani, nendeni moja kwa moja kwa Mkuu, mkatae kukaa, mdai orodha ya waliowekwa kando isomwe jina kwa jina mbele yenu. Mdai karani wa dirisha la tatu arudishwe kitini pake, na kile kioo kinachoandika KARIBU TUKUHUDUMIE kishushwe ukutani kiwekwe mezani kwake. Mkiambiwa mrudi kesho, msirudi. Kaeni hapohapo. Jina la mwanao huenda liko chini ya ukingo ule, na mtu wa kulipandisha mmemwacha barazani anashikiza vifungo. Inuka, twende.